Hatimiliki ninayo, lakini naambiwa nimejenga msituni

Mzee Karani, pokea salamu zangu kutoka upande wa Molo, ambako asubuhi hii baridi imekaza hata ng'ombe wamekataa kutoka zizini.

Mimi ni mama wa watoto watatu. Nakamua ng'ombe wanne, nalima viazi na minji, na mume wangu ni fundi wa kuchomelea vyuma mjini. Mwaka 2013 tulinunua ekari mbili kwa shilingi 900,000. Pesa hizo zilitoka kwa mkopo wa ushirika wa maziwa, kwa mafahali wawili, na kwa ploti ndogo niliyoachiwa na mama yangu, ambayo dada yangu hajanisamehe hadi leo kwa kuiuza. Aliyetuuzia si mtu wa mbali. Ni baba mdogo wa mume wangu, mzee wa kanisa, ndiye aliyetangulia mbele siku walipoleta mahari kwetu. Alikuwa na ekari ishirini, akazigawa vipande, sisi tukachukua kile cha juu kabisa kinachopakana na miti.

Hatukununua kwa pupa. Tulienda ofisi ya ardhi tukafanya upekuzi, karatasi ikatoka safi: hakuna deni, hakuna kizuizi, jina ni la baba mdogo. Tukapanga foleni bodi ya ardhi, tukapewa idhini. Tukalipa ushuru wa stempu. Hatimiliki ilipotoka niliiweka ndani ya Biblia, halafu nikaona Biblia inashikwa na kila mgeni, nikaihamishia kwenye debe la unga, ndani ya karatasi mbili za nailoni.

Tukajenga. Siku fundi alipochimba msingi wa jikoni alitoa visiki vya saiprasi, vingine vimeoza, vyote vimekaa mstari mmoja. Tulivipasua kuni. Hapo karibu na lango, upande wa barabara, kuna jiwe la zamani la saruji lenye namba; watoto hulikalia wakimenya minji na ng'ombe hujikunia hapo.

Mwaka jana walinzi wa misitu walikuja na mpima ardhi. Hawakutukana mtu. Walipima, wakaandika, wakapanda gari. Miezi minne baadaye tukaletewa samansi. Shirika la serikali linalosimamia misitu limetushtaki, sisi na familia nyingine kumi na moja, katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Linataka hati zetu zifutwe kwa kuwa, wanasema, tumo ndani ya msitu wa umma. Wakili tuliyechangishana kumlipa alipata nakala ya kadi ya kijani, ile ya rejista inayoorodhesha kila aliyewahi kumiliki, ya shamba mama, lile la ekari ishirini kabla ya kugawanywa. Nimekuambatishia pamoja na mkataba wetu wa kununua. Mimi nimeisoma kadi hiyo hadi macho yakauma na sioni kosa.

Maswali yangu ni haya. Hatimiliki ni ya nini basi? Serikali iliitoa, serikali ikapokea ushuru, leo serikali hiyohiyo yasema ni karatasi? La pili, mume wangu hataki baba mdogo aguswe, asema damu haipelekwi kortini. Hata tarehe ijayo ya kesi asema hatuendi, anayetaka kutufukuza atatukuta hapa. La tatu nalisema kwa aibu. Shemeji yangu amepata mnunuzi, kijana wa Eldoret anayefanya kazi Doha. Hajafika shambani, ameridhika na picha za simu na upekuzi, kwa maana rejista bado inaonyesha safi. Anatoa milioni mbili na nusu. Shemeji ashikilia tuuze kabla kesi haijafika mbali.

Hii ni wiki ya tatu silali. Nishauri kama binti yako.

Mama wa Watatu, Kaunti ya Nakuru

JIBU

Mwanangu Mama wa Watatu,

Naanza na swali lako la mwisho kwa sababu ndilo linaloweza kukulaza rumande: msiuze. Kijana wa Doha anafanya leo yaleyale mliyofanya ninyi mwaka 2013, kashika karatasi safi na anamwamini aliyempigia simu. Tofauti ni moja tu. Baba mdogo huenda hakujua. Ninyi samansi mmeshaitia mkononi, na mnajua. Ukichukua pesa ya mtu huku ukimficha kesi iliyo mahakamani, hilo si suala la ardhi tena. Ni kujipatia pesa kwa udanganyifu, na katika Sheria ya Adhabu ni kosa la jinai. Hivi sasa nguvu yenu kubwa mbele ya jaji ni kwamba hamkumdanganya mtu. Shemeji anataka muiuze nguvu hiyo kwa milioni mbili na nusu, na sidhani yeye atakuwa kizimbani siku hiyo. Mwambie hivyo mbele ya mume wako, usimwambie faraghani. Na picha mlizomtumia yule kijana, zifuatisheni na ujumbe kwamba shamba lina kesi.

Sasa hatimiliki.

Nilikaa masjala ya mahakama miaka mingi nikipokea majalada, na nikaona watu wengi wakiinuliwa kutoa ushahidi. Wakili akiuliza, "Shamba hili ni lako kwa misingi gani?" mtu huingiza mkono kwapani, anatoa bahasha ya kaki, anatoa nailoni, anaiinua hati juu kama anayetoa sadaka ya shukrani. Zamani, chini ya Sheria ya Ardhi Iliyosajiliwa, mara nyingi mambo yaliishia hapo. Aliyesajiliwa kwanza alilindwa hata kama usajili ule ulipatikana kwa hila. Misitu yetu mingine iliponea chupuchupu katika miaka hiyo, na mingine haikupona. Tume ya Ndung'u, iliyochunguza ugawaji haramu wa ardhi ya umma, iliyoundwa mwaka 2003 na kutoa ripoti yake mwaka uliofuata, ilikadiria kuwa hati zipatazo 200,000 zilitolewa kinyume cha sheria kati ya 1962 na 2002. Wenye hati hizo hawakuwa wakora wote. Wengine walikuwa kama wewe, wa tatu au wa nne kwenye mstari.

Katiba ya 2010 ndiyo iliyogeuza meza. Kifungu cha 40 kinalinda mali ya mtu, na watu hupenda kukisoma hadi katikati. Kisome hadi kifungu kidogo cha 6: ulinzi huo hauigusi mali ambayo imethibitika ilipatikana kinyume cha sheria. Kifungu cha 62 nacho kinaitaja misitu ya serikali kuwa ardhi ya umma. Kisha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, kifungu cha 26, inasema mahakama itaichukua hati kuwa ushahidi kwamba uliyeandikwa ndiye mwenyewe, isipokuwa mambo mawili. La kwanza ni ulaghai ambao wewe mwenyewe ulishiriki. La pili ni hati iliyopatikana kinyume cha sheria, bila kufuata utaratibu, au kwa njia ya ufisadi. Angalia vizuri hapo, maana wengi hujikwaa. Katika la pili sheria haikusema lazima uwe ulishiriki. Ikiwa aliyechukua shamba kutoka kwa serikali mara ya kwanza alilichukua vibaya, ubaya ule unasafiri na shamba hadi kwako, ukiwa mchamungu au la.

Kwa muda fulani mawakili walibaki na ngao moja, ile ya mnunuzi asiye na hatia: nilinunua kwa nia njema, nikalipa thamani kamili, sikujua. Mwaka 2023, mwezi wa Aprili, Mahakama ya Juu iliitoboa ngao hiyo katika kesi ya kampuni ya Dina Management na Kaunti ya Mombasa. Shamba lilikuwa Nyali, ukingoni mwa bahari. Mwaka 1989 lilisajiliwa kwa jina la rais wa wakati huo, Daniel arap Moi, likauzwa, likauzwa tena hadi likafika kwa kampuni ile, ikajenga ukuta. Mwaka 2017 kaunti ikaubomoa ili watu wapate njia ya kwenda ufuoni. Majaji hawakuishia kwenye hati ya kampuni. Walirudi nyuma hadi mwanzo wa mstari, wakakuta eneo lile lilikuwa limetengwa kuwa uwanja wa umma na kwamba ugavi wa kwanza haukufuata sheria. Basi aliyenunua baadaye hakununua kitu, kwa sababu aliyemtangulia hakuwa na kitu cha kuuza. Ikiwa kwa ufuo wa Nyali ni hivyo, kwa msitu uliotangazwa kwenye gazeti rasmi usitarajie huruma zaidi.

Kwa hiyo swali litakaloamua kesi yenu halimo kwenye debe la unga. Swali ni: ardhi hii iliacha lini kuwa msitu, nani aliiachisha, na kwa karatasi gani?

Hapo ndipo nimeichukua kadi yako ya kijani nikavaa miwani. Usiisome kuanzia jina la baba mdogo. Nenda Sehemu ya B, ile ya wamiliki, mstari wa kwanza kabisa. Umeuona? Serikali ya Kenya. Mstari wa pili, mtu binafsi, tarehe ya mwaka 1998. Mstari wa tatu, miezi mitano tu baadaye, mtu mwingine. Kisha baba mdogo mwaka 2004. Mwaka 2012 kadi imefungwa kwa sababu ya kugawanywa, na namba mpya zikazaliwa, mojawapo ikiwa yenu. Ndiyo maana upekuzi wenu ulitoka safi. Upekuzi husoma kadi ya mtoto. Haukwambii mama yake alizaliwa wapi. Msajili hakukudanganya, alijibu swali ulilomuuliza.

Mwaka 1998 ndio unaonitia wasiwasi. Chini ya sheria ya misitu ya wakati ule, waziri alikuwa na uwezo wa kupunguza mipaka ya msitu, lakini ilibidi atangaze nia yake kwenye gazeti rasmi, asubiri siku 28, kisha atoe tangazo lenyewe. Kamishna wa Ardhi hakuwa na ruhusa ya kugawa msitu ambao haujatolewa hivyo. Kwenu kule, tangazo kubwa lililojulikana ni la Oktoba 2001, serikali ilipoondoa karibu hekta 67,000 za misitu nchini, sehemu kubwa ikiwa ya Mau, na lenyewe lilipingwa vikali. Hesabu miaka. Hati ya kwanza ya shamba lenu ina miaka 3 kabla ya tangazo hilo. Tangu sheria ya 2005, na hii ya sasa ya 2016, mtu hawezi hata kugusa mpaka wa msitu wa umma bila kupitia Bunge. Kwa hiyo wakili wako ana kazi ya kutafuta kitu kimoja kabla ya kingine chochote: tangazo la gazeti rasmi, la kabla ya 1998, linalotoa kipande kile msituni. Likipatikana, mna kesi nzuri. Lisipopatikana, atajaribu kuegemea lile la 2001, na hapo atakutana na swali gumu la jinsi ardhi ilivyogawiwa kabla ya kuwa huru kugawiwa. Simkatazi kujaribu.

Usije ukadhani, hata hivyo, kwamba shirika la misitu likisema ni msitu basi ni msitu. Anayedai ndiye huthibitisha. Lazima walete tangazo la kuuanzisha msitu, na ramani ya mpaka iliyotajwa ndani ya tangazo hilo, na mpima ardhi wao asimame aulizwe maswali. Nimeona ramani za mwaka wa ukoloni ambazo unene wa wino wake, ukiushusha ardhini, ni upana wa shamba la mtu. Ekari mbili zinaweza kupona au kufa ndani ya wino huo. Kwa sababu hiyo mwambieni wakili aombe mahakama iamuru upimaji wa pamoja: mpima wao, mpima wenu aliyesajiliwa, na mtu kutoka kwa Mkurugenzi wa Upimaji, waende siku moja na ramani moja. Gharama mgawane familia zote kumi na mbili. Itakuwa shilingi chache kuliko mafuta ya kwenda kumwona wakili kila Jumatatu.

Sasa nirudi kwenye jambo uliloandika kwa kupita tu, kama anayesimulia habari za jikoni. Visiki vya saiprasi vilivyokaa mstari mmoja. Mwanangu, saiprasi haioti yenyewe kwa mstari. Hiyo ilikuwa miti ya kupandwa, na huko Mau waliopanda kwa mistari walikuwa idara ya misitu, pamoja na wakulima waliopewa kulima katikati ya miche hadi ikue. Inawezekana ni mkulima mwenye shamba lake alipanda, sikatai. Lakini halafu kuna lile jiwe. Umesema liko karibu na lango, upande wa barabara. Nyumba yenu iko upande gani wa jiwe? Ikiwa jiwe ni bikoni, yaani alama ya mpaka, ya msitu, na barabara iko nje, basi nyumba, jikoni, na zizi viko ndani. Huenda ni jiwe la barabara, au la upimaji mwingine kabisa. Namba iliyoandikwa juu yake ndiyo itakayosema, na mpima ardhi ataitafuta kwenye ramani kwa nusu saa. Ningekuwa wewe ningependa kulijua jibu hilo kabla ya jaji hajalijua.

Mume wako asema hamwendi kortini. Naelewa hasira yake. Mtu aliyejenga nyumba kwa mikono yake hapendi kuitwa mvamizi. Lakini asiyefika hahesabiwi kuwa shujaa, anahesabiwa kuwa hayupo. Mahakama itasikiliza upande mmoja na kuandika hukumu, na kuja kuifungua hukumu hiyo baadaye ni kilima kikali kuliko kuizuia leo. Asije pia akategemea ile hoja ya wazee wa baraza kwamba ukikaa miaka kumi na miwili ardhi inakuwa yako. Hiyo ni kwa ardhi ya mtu binafsi. Dhidi ya ardhi ya serikali sheria ya ukomo wa madai imeikataa waziwazi, hata ungekaa hamsini.

Tuje kwa baba mdogo, ambapo najua ndipo penye mwiba. Mtu akishtakiwa kwa sababu ya kitu alichouziwa, sheria inamruhusu kumwingiza muuzaji ndani ya kesi hiyohiyo kwa notisi ya mtu wa tatu, ili jaji akiifuta hati aamue papo hapo nani arudishe pesa. Notisi hiyo ina muda wake, kwa hiyo swali hili muulize wakili wiki hii, usingoje mwezi ujao. Nimeuona mkataba wenu: kifungu cha nne, muuzaji athibitisha kwamba yeye ndiye mwenye ardhi kihalali na kwamba hakuna mtu mwingine mwenye dai. Aliweka sahihi hapo. Madai ya mkataba kwa kawaida hufa baada ya miaka 6, na yenu ni ya 2013, jambo ambalo wakili wake atalirukia kama paka. Lakini ikiwa kulikuwa na ulaghai au kosa la pamoja, saa huanza kuhesabiwa siku mlipogundua au mlipoweza kugundua kwa uangalifu wa kawaida. Kwa hoja hiyo samansi ya mwaka jana ni tarehe muhimu kwenu. Ihifadhini pamoja na bahasha yake.

Msimwite mwizi. Naye alinunua 2004, na huenda amekaa usiku kama wewe. Mwende kwake ninyi wawili, mchana, na mzee mmoja anayeheshimiwa na pande zote, mumweleze kwamba mtamwingiza kesini ili naye apate nafasi ya kumwingiza aliyemuuzia. Na yule wa mstari wa pili kwenye kadi, aliyekaa na ekari ishirini miezi mitano tu kisha akauza, ndiye ningependa kumwona akieleza jaji alivyozipata. Baba mdogo akitoa ushahidi upande wenu, akileta risiti zake za 2004, undugu umeponea hapo. Akikataa, damu haikukataa kupokea zile 900,000, nayo haitakufa kwa notisi. Mume wako nitamsikiliza kwa mengi, kwa hili hapana.

Ipo pia fidia inayotajwa katika Sheria ya Usajili wa Ardhi kwa mtu aliyeumia kwa sababu ya kosa la rejista. Mwambie wakili aiombe, ndiyo, aiweke kwenye utetezi kama dai la pili. Ila usiende benki kukopa ukiitegemea. Njia yake ni ndefu, na serikali hujitetea kwamba mnunuzi naye alizembea. Visiki vyako vitatajwa hapo.

Na wakishinda? Hawawezi kuja alfajiri na tingatinga. Sheria ya Ardhi, tangu ilipofanyiwa marekebisho mwaka 2016, inataka notisi ya maandishi ya angalau miezi 3 kabla ya kuondoa watu kwenye ardhi ya umma, na siku ya kuondolewa wawepo maafisa wanaojitambulisha, watoto na wagonjwa waangaliwe, mali isiporwe. Mkipewa notisi mnaweza kurudi mahakamani kuomba masharti yake yabadilishwe. Mahakama ya Juu, katika uamuzi wa Januari 2021 kuhusu kijiji cha Mitumba kilichobomolewa karibu na Uwanja wa Ndege wa Wilson, ilikubali kwamba watu waliojenga makazi kwenye ardhi ya umma hawapati umiliki, ila wana haki ya makazi inayostahili kulindwa na mahakama. Kwa hiyo wakili asiombe ushindi peke yake. Aombe pia, endapo mtashindwa, muda wa kuvuna, muda wa kuvunja nyumba wenyewe na kubeba mabati, na nafasi ya watoto kumaliza muhula. Mara nyingine shirika lenyewe hukubali hayo nje ya mahakama, hasa kwa watu waliokuja kortini kila tarehe bila fujo. Kwa waliojificha huwa haliandiki barua.

Kwa muda huu, usijenge chumba kingine, usipanue shamba kuelekea kwenye miti, wala usikate mti ule mkubwa wa nyuma hata kama unaangusha matawi kwenye bati. Kukata mti au kulima msituni bila kibali ni kosa lenyewe, na hutaki kesi ya pili ikiingilia ya kwanza. Viazi vilivyomo vuna. Ng'ombe waache walishwe ndani.

Kama pesa za wakili zimeanza kukauka, usiache kesi, uliza. Kuna Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka 2016, na Kituo cha Sheria wamesaidia watu wa ardhi miaka mingi. Hakikisha pia, hili halina aibu, kwamba huyo wakili wenu ana kibali cha kufanya kazi mwaka huu; Chama cha Mawakili kina orodha ambayo mtu yeyote anaweza kuangalia kwa simu. Kumi na mbili mmechangishana, mna haki ya kujua.

Kabla ya tarehe ya kesi piga picha ya jiwe lile, karibu hadi namba isomeke, na nyingine ukiwa umesimama mbali ili nyumba, jiwe na barabara vionekane pamoja. Mpe wakili, hata kama picha hiyo haitamfurahisha. Lisisogezwe hata inchi moja, na usiku akija mtu na sururu akidai anakusaidia, mfungie lango. Watoto wakamenyee minji barazani.